Bwana Eike na Kioo cha Sheria

Natumaini mmekwisha kaa, na kila mmoja ana kalamu yake. Leo nitawasimulia habari za bwana mmoja wa zamani sana katika nchi ya Ujerumani. Hakuwa mfalme, wala hakushinda vita. Alikuwa mtu wa ukoo mdogo wa kiungwana, na lau asingalishika kalamu, leo asingalijulikana.

Jina lake ni Eike von Repgow. Alizaliwa yapata mwaka 1180. Repgow ni kijiji cha ukoo wake, ambacho siku hizi huitwa Reppichau. Habari za maisha yake ni chache. Jina lake laonekana katika hati 6 tu, kutoka mwaka 1209 mpaka 1233, nazo zaonyesha kwamba alikuwapo mashauri yalipokatwa. Basi alikuwa mtu wa baraza, aliyesikia kesi za mashamba, urithi, madeni na ugomvi wa majirani.

Sasa fikirini hali ya siku zile. Watu wa Saksonia, yaani Wasaksoni, walikuwa na sheria zao, lakini hazikuandikwa. Zilikaa vichwani mwa wazee. Mzee akifa, huenda kufa na sheria yake. Tena mwenye nguvu aliweza kusema, "Desturi ni hivi," na mnyonge asiwe na la kumjibu. Vitabu vilikuwapo, lakini vingi viliandikwa kwa Kilatini, lugha ya makasisi na wataalamu. Mkulima hakuijua.

Bwana Eike aliazimu kuziandika desturi hizo. Kwanza alizitunga kwa Kilatini. Ndipo mkubwa mmoja, Hoyer wa ngome ya Falkenstein, alipomwomba azitie katika Kijerumani. Eike aliona kazi hiyo ni nzito mno, kwa kuwa vitabu vya namna hiyo katika lugha ya watu wote vilikuwa adimu sana. Lakini alikubali, akaimaliza kati ya mwaka 1220 na 1235. Kitabu akakiita Sachsenspiegel, maana yake Kioo cha Wasaksoni. Kwa nini kioo? Kwa sababu mtu hutazama kioo apate kujiona alivyo. Vivyo hivyo Wasaksoni watazame kitabu, waione haki yao.

Je, mlikuwa na nini ndani yake? Mlikuwa na mambo ya kila siku. Aliyetangulia kufika kwenye kinu cha kusagia, ndiye atangulie kusaga. Gari tupu lilipishe gari lenye mzigo. Mtu aliyeshtakiwa, kama hajui Kijerumani, ana haki ya kukataa kujibu mpaka ashtakiwe kwa lugha aliyozaliwa nayo. Sheria hii ilikuwa kubwa, maana katika nchi ile walikaa pia Waslavi, waliokuwa na lugha yao wenyewe.

Liko neno moja zito zaidi. Siku zile watu wengi hawakuwa huru, walikuwa chini ya mabwana kama mali. Eike aliandika desturi hiyo kama alivyoikuta, lakini hakunyamaza. Alisema kwamba akili yake haikubali mtu awe mali ya mtu mwenziwe, kwa kuwa Mungu alimwumba mwanadamu kwa mfano wake. Utumwa, alisema, ulianza kwa mabavu na kwa kufunga watu bila haki, kisha dhuluma ile ikazoewa mpaka ikaitwa sheria. Nanyi mwajua, ndugu zangu, kwamba si kila lililozoeleka ni haki.

Kitabu kilinakiliwa kwa mkono mara nyingi, na nakala zaidi ya 400 zimebaki. Nakala 4 zina picha za rangi kando ya maneno. Mwaka 1374 Papa Gregory wa Kumi na Moja alivilaani vifungu 14 vya kitabu hiki, lakini watu hawakukiacha. Katika sehemu nyingine za Ujerumani sheria zake zilitumika mpaka mwaka 1900. Hesabuni wenyewe: ni zaidi ya miaka 650!

Ndugu zangu, huenda wako miongoni mwenu waliowahi kutia dole gumba katika karatasi wasiyoweza kuisoma, wakaambiwa, "Weka hapa tu, mzee." Baadaye shamba likapungua, au deni likaongezeka. Asiyejua kusoma hulazimika kuamini mdomo wa mwingine. Bwana Eike alilijua jambo hili. Aliiondoa sheria katika vichwa vya wachache, akaiweka mahali ambapo hata mnyonge, akisomewa au akijisomea, angeweza kusema, "Tazama, imeandikwa."

Sasa mwalimu wenu ataandika maswali haya ubaoni, nanyi mjadiliane:

1. Kwa nini Eike alikiita kitabu chake kioo?
2. Je, kijijini kwenu iko desturi njema ambayo haijaandikwa? Iandikeni kwa maneno yenu, mistari mitatu.
3. Je, iko desturi iliyozoewa, lakini si haki?

Kwa leo naishia hapa. Someni kwa bidii. Kwaherini.