Kipaji cha Kuacha: Mwigizaji kati ya Jukwaa, Maikrofoni na Kamera



Mtu akisimama Butere kuzungumzia uigizaji hawezi kujifanya hajui yaliyotokea Nakuru tarehe 10 Aprili 2025. Mahakama Kuu ilikuwa imeamuru wasichana wa shule ya Butere waruhusiwe kuigiza tamthilia ya Echoes of War kwenye tamasha la kitaifa la maigizo ya shule. Mwandishi wao, Cleophas Malala, akakamatwa; waliokuja kutazama wakatawanywa kwa vitoa machozi. Wasichana wakapanda jukwaani, wakaimba wimbo wa taifa, wakashuka. Wengi wamelisoma tukio hilo kisiasa, na siasa ilikuwepo tele. Mimi nalitazama pia kwa jicho la fani. Mchezo usio na watazamaji si mchezo, na wao walilitambua hilo papo hapo, wakauacha wote.

Hoja yangu leo imejikita hapo. Anayehama kutoka jukwaani hadi redioni, kisha mbele ya kamera, hufaulu kwa kujua cha kuacha mlangoni.

Butere ina mfano wake wa zamani. Mwandishi Grace Ogot alisoma hapa kabla ya kwenda Uganda kusomea uuguzi, na katika miaka ya 1950 alikuwa London, mwandishi wa vipindi na mtangazaji wa BBC. Maikrofoni haitaki sauti ya kumfikia aliyekaa safu ya mwisho. Inataka sauti ya kumfikia mtu mmoja anayepika huku redio ikilia. Wasomaji humkumbuka kwa riwaya yake The Promised Land ya 1966, na ni haki yake. Hata hivyo, nikisoma mazungumzo ya wahusika wake, huwa nahisi yameandikwa na mtu aliyezoea kuyatamka.

Lakini mfano ninaoupenda zaidi ni Oliver Litondo. Wenye umri wangu wanamjua kama msomaji wa habari kwenye runinga, na kama nyota wa Bushtrackers, filamu ya 1980. Msomaji wa habari hulipwa kwa utulivu: ajali, bajeti, kifo cha kiongozi, vyote kwa uso ule ule na pumzi ile ile. Miaka 30 baadaye akapewa nafasi ya Kimani Maruge katika The First Grader, filamu ya Justin Chadwick. Maruge halisi alijiandikisha darasa la kwanza Eldoret mwaka 2004, akiwa na umri wa miaka 84. Tazameni Litondo anavyokaa kwenye dawati kati ya watoto: kaptula, soksi ndefu, mkongojo kando. Mzee huyo wa kwenye filamu hasikii vizuri kwa sababu ya mateso ya enzi za ukoloni, kwa hiyo hulazimika kuinamisha kichwa ili amsikie mwalimu. Mtu aliyezoea kusikilizwa na taifa zima sasa anahangaika kusikia neno moja. Ile sauti ya studio ameiacha kabisa, na shingo ndiyo inayofanya kazi. Sijui mwigizaji wetu mwingine aliyewahi kupunguza kiasi kile na bado akajaza skrini.

John Sibi-Okumu ni wa namna nyingine: mwalimu wa Kifaransa, mwigizaji wa jukwaa, mtunzi wa tamthilia ya Role Play, daktari Ngaba katika The Constant Gardener ya 2005, kisha mwendeshaji wa chemsha bongo ya vyuo vikuu, Zain Africa Challenge. Kazi hiyo ya mwisho hudharauliwa bure. Anayeuliza maswali lazima aiweke pembeni tamaa ya kung'aa, la sivyo mwanafunzi aliyeketi mbele yake atasahau hata jina lake.

Sasa tamasha zetu za shule. Zinafunza mengi, ila mwenye kipaza sauti kifuani ndiye hubeba kombe, na mtoto huyo akifika mbele ya kamera anafika akipiga kelele. Walimu, nina ombi. Mkimaliza mazoezi ya ukumbini, mpeni mwanafunzi yule yule shairi lile lile alirekodi kwenye simu, mdomo ukiwa umbali wa shibiri moja, kisha ajisikilize. Ataudhika. Mwacheni audhike, arekodi tena.