Kamba za Cyrus Pringle

Wengi wetu tunao majirani wa kanisa la Marafiki, lile lililoanza Kaimosi mwaka wa 1902. Wazee wao tangu karne ya 17 walikataa kushika silaha, wakiyatii maneno ya Bwana wetu katika Mathayo 5 jinsi yalivyo. Sisi Waanglikana hatukuifuata njia hiyo. Kanuni ya 37 katika zile 39 za kanisa letu humruhusu Mkristo kwenda vitani kwa amri ya serikali. Hata hivyo, asubuhi hii tuketi kidogo miguuni pa Rafiki mmoja.

Cyrus Pringle alikuwa kijana mkulima wa Vermont, Marekani. Mwezi wa Julai 1863, katika vita vya Kaskazini na Kusini, jina lake lilitoka katika kura ya askari. Mwaka uo huo alikuwa ameoa. Sheria iliruhusu mtu kulipa dola 300 akabaki nyumbani, na mmoja wa jamaa yake alikuwa tayari kuzilipa. Cyrus akakataa. Aliona kwamba dhambi haigeuki kuwa njema kwa kununuliwa.

Sisi tungalifanya nini? Pengine tungalimshukuru yule mzee, tukazipokea fedha, kisha Jumapili tukatoa ushuhuda kwamba Mungu ametuokoa!

Tena jaribu lilikuwa zito zaidi. Marafiki walikuwa wameuchukia utumwa kwa miaka mingi, na sasa majeshi ya Kaskazini yalikuwa yakiwafungua watumwa. Kukataa vita vibaya si kazi ngumu sana. Cyrus alikataa bunduki iliyoshikwa kwa ajili ya jambo ambalo yeye mwenyewe aliliombea.

Huko Virginia, tarehe 3 Oktoba, aliamriwa asafishe bunduki. Alipokataa, walimlaza chini, wakamfunga kwa kamba mikono na miguu ikiwa imetanuliwa, wakamwacha juani kwa muda wa saa mbili hivi. Aliandika katika daftari yake kwamba alilia, lakini zaidi kwa huzuni juu ya nchi yake kuliko kwa maumivu. Mwezi wa Novemba Rais Lincoln aliagiza aachiliwe aende kwao.

Na tuombe. Ee Bwana, uwakumbuke askari walio mbali na nyumba zao, na hao wanaofungwa kwa kukataa kuua. Nasi utuonyeshe ni dola gani tumezipokea. Amina.