Kijana Asiyekula Penye Chakula: Matatizo ya Ulaji katika Mpaka wa Busia na Tororo



Kijana akikonda katika miji hii ya mpakani, watu huwa na majibu tayari. Wapo watakaosema ni minyoo, au malaria iliyomkalia mwilini. Wapo watakaohesabu ni wangapi wanaokula kutoka sufuria moja nyumbani kwao, waseme ni njaa. Na wazee waliopitia miaka ya themanini na tisini watanyamaza kwanza, kisha wamnong'oneze mama yake ampeleke akapimwe damu. Hakuna jibu la kipuuzi hapo. Kila moja limewahi kuwa kweli katika familia nyingi za Busia, Malaba na Tororo, na kila moja lastahili kuchunguzwa. Ninalotaka kulitetea leo ni kwamba majibu hayo yameacha pengo. Wapo vijana wetu ambao chakula kipo na hawakili, na wapo wanaokila kwa siri, kwa wingi wasioweza kuuzuia, kisha wakajitapisha au kujinyima ili kufidia. Huo ni ugonjwa, unaoshika akili na mwili kwa pamoja. Tumewapita vijana hao kwa sababu tumezoea kuutafuta ugonjwa huu mbele ya kioo, kwa msichana anayeogopa unene. Huku kwetu mara nyingi hauanzii hapo. Huonekana wakati wa kula, na wanaoweza kuuona mapema ni wale wanaopakua chakula na wale wanaoosha vyombo.

Tuanze na maana ya wembamba mahali hapa. Mwaka 1985 madaktari wa Uganda na wenzao wa ng'ambo walieleza katika jarida la The Lancet ugonjwa mpya kutoka Rakai ambao wananchi waliuita Slim, kwa jinsi ulivyomkondesha mtu; ndio UKIMWI. Barabara za malori kutoka Mombasa kwenda Kampala zinapita Malaba na Busia, na kabla ya vituo vya pamoja vya mpakani kuanza kazi madereva walilala hapa wakisubiri karatasi zao. Virusi vya UKIMWI vilisafiri kwa njia hiyohiyo. Shirika la TASO la kuwasaidia wenye virusi hivyo, lililoasisiwa mwaka 1987 na Noerine Kaleeba na wenzake, halikukawia kufungua kituo Tororo. Kizazi kizima kikajifunza kwamba mtu kukonda ni habari ya msiba, na kwamba mashavu yakijaa, dawa imefanya kazi. Adrian Furnham wa London na Peter Baguma wa Makerere walipowaonyesha vijana wa Uganda na wa Uingereza michoro ya miili, katika utafiti uliochapishwa mwaka 1994, wale wa Uganda waliipenda zaidi miili minene ya wanawake. Wengi walichukua matokeo ya namna hiyo wakakata shauri kwamba sisi tumekingwa: anayeusifu unene hawezi kuugua kwa kujinyima chakula.

Takwimu za hospitali zilionekana kuwaunga mkono. Mwaka 2004 Frank Njenga na R. N. Kang'ethe walipochapisha makala yao juu ya anoreksia, ugonjwa wa kujinyima chakula, nchini Kenya, katika East African Medical Journal, picha waliyoitoa ilikuwa ya ugonjwa unaoonekana kwa nadra mno. Mapitio ya tafiti za Afrika yaliyoongozwa na Daphne van Hoeken, yaliyotoka mwaka 2016, hayakukuta mgonjwa wa anoreksia katika tafiti zilizofanywa kwenye jamii. Lakini mapitio hayohayo yanasema jambo la pili ambalo halinukuliwi sana. Bulimia, ugonjwa wa kula kupindukia kisha kujitapisha au kufidia, ilikuwa kwa karibu asilimia 1 ya wanawake waliochunguzwa, na matatizo mengine ya ulaji yasiyoingia katika majina hayo mawili yalizidi asilimia 4 kwa wanawake vijana. Viwango hivyo havina tofauti kubwa na vya nchi za Magharibi. Basi, kilichokosekana Afrika ni sura moja tu ya ugonjwa, ile inayojulikana zaidi kwenye filamu na magazeti.

Hata sura hiyo, nasema, ilikosekana kwa sehemu kutokana na namna ilivyotafutwa. Mwaka huohuo wa 2004, British Journal of Psychiatry lilichapisha utafiti wa Bennett na wenzake katika shule za sekondari za kaskazini-mashariki mwa Ghana. Wasichana 668 walipimwa. Kati yao 29 walikuwa wembamba kupita kiasi, na kwa 10 haikupatikana sababu nyingine ila kujinyima chakula. Wasichana hao 10 hawakuwa na hofu ya kunenepa. Walikuona kule kujinyima kama jambo jema, la dini na la kujitawala. Hong Kong nako, katika miaka ya tisini mwanzoni, daktari wa akili Sing Lee alikuwa ameeleza wagonjwa waliokonda hadi ukingoni mwa mauti na ambao, walipoulizwa kwa nini hawali, walisema tumbo limejaa, au hamu haipo. Mwongozo wa utambuzi uliodai kwamba bila hofu ya unene hakuna anoreksia uliwaacha nje watu waliokuwa wakifa kwa ugonjwa huohuo. Toleo la 11 la orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, lililoanza kutumika mwaka 2022, limelegeza sharti hilo: linatazama zaidi yale mgonjwa anayofanya ili mwili usirudi katika hali yake.

Sasa tuyalete haya katika bwalo la shule ya bweni, popote kati ya Tororo na Busia. Posho, yaani ugali, na maharage vimepakuliwa. Msichana anaukandamiza mkate wake wa posho pembeni mwa sahani mpaka uonekane mdogo, anamhamishia jirani maharage, anakunywa maji mengi, anasimama mapema. Akiulizwa, ana alsa, vidonda vya tumbo: maharage yanamchoma. Hakuna atakayembishia, kwa sababu alsa ni jibu linaloaminika katika shule zetu zote, na wengine kweli wanaumwa. Baada ya majuma machache anavaa sweta mchana wa jua, kwa kuwa mwili usio na akiba hauna joto. Nywele zinakatika. Hedhi imekoma, na hapo matroni anaanza kumshuku mimba. Akipelekwa kituo cha afya atapimwa malaria, mimba, virusi na kifua kikuu, kila kipimo kitaandikwa katika daftari lake kwamba hakuna kitu, na atarudishwa na vidonge vya tumbo. Kila mhudumu katika safari hiyo amefanya kazi yake. Swali ambalo halikuulizwa ni moja: juzi ulikula nini, na nani alikuona ukila?

Nitapingwa hapa, na pingamizi la kwanza nalichukua kwa uzito. Litasemwa kwamba ni anasa kushughulika na asiyetaka kula wakati wengine hawana cha kula. Kwamba Aprili na Mei, kabla ya mavuno, zipo nyumba nyingi za wilaya hizi zinazokula mara moja kwa siku. Jibu ni kwamba njaa na ugonjwa huu si mambo mawili yanayogombania huruma yetu. Mwaka 1944 na 1945, kule Minnesota, Ancel Keys aliwapunguzia chakula vijana wa kiume 36 waliojitolea, wote wazima wa akili. Njaa yenyewe iliwabadilisha. Walianza kuota chakula, kukusanya mapishi, kula polepole kupita kiasi, kujitenga, kuhuzunika. Na walipoachiwa kula tena, baadhi yao hawakujua pa kukoma. Mwaka 2017 Carolyn Becker na wenzake waliripoti kutoka kwa watu wanaopokea msaada wa chakula huko Texas kwamba kadiri nyumba ilivyokosa chakula zaidi, ndivyo ulaji wa kupindukia na njia za kuufidia zilivyoongezeka. Kijana anayekula hadi maumivu siku mshahara wa mama unapotoka, kisha akajichukia usiku kucha, anaweza kuwa mtoto wa nyumba maskini kabisa. Anaweza kuwa mvulana. Anaweza kuwa na mwili wa kawaida, au mnene, na kwa hiyo hatashukiwa na yeyote.

Kuhusu simu na picha nitapita haraka, maana hili linasemwa sana. Anne Becker alionyesha Fiji kwamba wasichana waliokiri kujitapisha ili kupunguza uzito walitoka sifuri mwaka 1995, televisheni ilipoingia, hadi asilimia 11 mwaka 1998. Na utafiti juu ya wanawake 214 wa Tanzania, uliochapishwa 2007, ulihusisha matatizo ya ulaji na kutazama vyombo vya habari na mambo ya Magharibi. Ushawishi huo upo na utakua. Ila tukiulaumu peke yake tutarudi kulekule mbele ya kioo, na yule msichana anayejinyima kwa ajili ya dini, na yule wa alsa, watapotea tena.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi. Je, tukiutangaza ugonjwa huu hatutaueneza? Hong Kong inatoa onyo. Baada ya kifo cha msichana mmoja barabarani mwaka 1994 kuandikwa magazetini, elimu ya umma ikaja na maelezo ya hofu ya unene, na miaka iliyofuata wagonjwa wakazidi kuongezeka na wengi wao wakausema ugonjwa wao kwa maneno hayo. Kwa hiyo sipendekezi mabango ya wasichana waliokonda katika madarasa, wala wanafunzi kupimwa uzito mbele ya wenzao, wala semina zinazowaeleza watoto mbinu za kujinyima. Elimu iende kwanza kwa watu wazima: matroni, mwalimu wa ushauri, mpishi, afisa wa kliniki, timu ya afya ya kijiji upande wa Uganda na wahudumu wa afya ya jamii upande wa Kenya. Kukaa kimya, kwa upande mwingine, hakujamkinga mtu. Uchambuzi wa Jon Arcelus na wenzake wa mwaka 2011 uliiweka anoreksia miongoni mwa magonjwa ya akili yanayoua zaidi, na mmoja kati ya kila watano waliokufa alikuwa amejiua.

Wapo pia watakaohofu kwamba naingilia ibada. Mfungo una heshima yake katika misikiti na makanisa ya pande zote mbili. Uislamu wenyewe unamruhusu mgonjwa asifunge, na mchungaji mwenye busara hamtaki kijana wa miaka 15 aongeze siku za mfungo mkavu peke yake baada ya waumini wenzake kufungua. Tofauti iko hapo: mfungo wa ibada una mwanzo na mwisho unaojulikana na wenzako. Usio na mwisho, unaofichwa, na unaomtia kijana hofu anapoambiwa ale, sheikh au mchungaji ndiye awe wa kwanza kumwambia kwamba Mungu hamdai mfungo huo. Neno hilo likitoka kwao lina uzito ambao daktari hana.

Matibabu je? Hospitali za taifa za akili, Butabika na Mathari, ziko mbali na hapa, na zimelemewa. Lakini tiba iliyothibitishwa zaidi kwa vijana wenye anoreksia haihitaji kitanda cha hospitali hizo kwa kila mgonjwa. Mwaka 1987 Gerald Russell na wenzake katika hospitali ya Maudsley, London, walionyesha kwamba kwa walioanza kuugua kabla ya miaka 19 na ambao ugonjwa haujapita miaka mitatu, kuifanya familia iongoze ulishaji kulileta nafuu kubwa kuliko ushauri wa mtu mmoja mmoja. Mzazi hafundishwi saikolojia. Anafundishwa kuketi na mtoto mpaka chakula kiishe, mlo baada ya mlo, bila kumtisha, bila kumpiga, bila kusifu wala kukosoa mwili wake, na kuamini kwamba mtoto hakuuchagua ugonjwa. Shangazi na bibi wanaweza kupokezana zamu. Jambo hili sisi tunaliweza kuliko wengi. Na wauguzi wetu wa wodi za utapiamlo tayari wanajua jambo ambalo familia lazima ilijue: mwili uliokaa na njaa ukishindiliwa chakula kingi ghafla unaweza kufa. Ndiyo maana mtoto huanzishiwa maziwa ya F-75 kidogo kidogo kabla ya F-100. Kijana anayezimia, aliyevimba miguu, ambaye mapigo ya moyo yamepungua sana au anayezungumzia kufa, aende hospitali siku hiyohiyo.

Kinachovunja mpango huu ni bweni na mpaka. Wakenya wengi hupeleka watoto wao kusoma Uganda, desturi iliyopata nguvu Kenya ilipoacha kidato cha tano na cha sita. Mzazi yuko Busia ya Kenya au Bungoma, matroni yuko Tororo, mihula ya nchi hizi mbili hailingani, na daftari la kliniki linabaki katika sanduku la mtoto. Kituo cha pamoja cha Busia kilizinduliwa mwaka 2018 ili lori likaguliwe mara moja na maofisa wa nchi zote mbili. Mwanafunzi mgonjwa hana utaratibu wa namna hiyo, na hatuna haja ya kusubiri mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki ili tuuanzishe. Shule inaweza kuanza muhula ujao kwa barua ya ukurasa mmoja, iliyofungwa katika bahasha na kukabidhiwa mzazi mkononi siku ya kufunga shule: tangu lini mtoto amepunguza kula, milo gani anaikwepa, vipimo gani vimekwisha kufanywa, nani shuleni anamwamini, na namba ya simu ya mwalimu huyo. Mzazi naye aijibu kwa maandishi kabla muhula haujafunguliwa, aeleze mtoto alikula vipi nyumbani na alikula na nani. Na ikiwa majibu yanaonyesha kwamba alikula tu pale mama alipoketi naye, shule ikubali asome kutoka nyumbani muhula mmoja, bila kumpokonya nafasi yake.