Kamera na Jina la Mtu
Hotuba iliyotolewa Kigali mbele ya wajumbe wa kamati za kambi

Nimeombwa niseme machache juu ya kazi ya mpiga picha za sinema. Nitamtaja mmoja, maana alifanya kazi katika mji huu huu.

Mwezi wa Aprili 1994, Mwingereza Nick Hughes alikuwa juu ya jengo la Shule ya Kifaransa hapa Kigali. Ng'ambo ya bonde, kamera yake iliwaona wanawake wawili wamepiga magoti barabarani kati ya maiti, mmoja akiinua mikono kuomba. Wanaume walipita karibu nao kama watu wenye shughuli zao. Kisha wakarudi wakawaua. Hughes alikuwa mbali, akaendelea kupiga. Mikanda iliyonasa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yakitendeka ni michache mno, ndiyo maana ule wake umeonyeshwa duniani kote.

Baadaye alitoa ushahidi Arusha, kwenye mahakama ya Umoja wa Mataifa, katika kesi ya Georges Rutaganda, aliyehukumiwa kifungo cha maisha Desemba 1999. Mkanda haukumwokoa mtu, lakini uliwaziba mdomo wanaokana.

Na majina je? Kwa miaka mingi dunia iliwatazama watu wale wakifa bila kuwajua. Ilipita zaidi ya miaka kumi ndipo Allan Thompson, mwandishi wa habari wa Canada, alipoufuatilia mkanda ule hadi baadhi yao wakatambuliwa, baba na binti yake.

Jambo hili linanigusa. Mama yangu alipigwa picha siku tulipovuka mpaka, godoro kichwani. Baada ya miaka miwili aliiona kwenye kalenda, ukutani mwa ofisi fulani. Chini yake iliandikwa "mwanamke mkimbizi". Alicheka kwanza. Halafu akaniuliza, "Mwanangu, kwani huyo bwana alishindwa kuniuliza naitwa nani?" Sikuwa na jibu.

Hughes alirudi Rwanda akaongoza filamu ya 100 Days, iliyotoka 2001. Mwenzake katika kazi hiyo alikuwa Eric Kabera, Mnyarwanda aliyezaliwa Zaire. Nadhani wengi hapa mnaelewa maisha ya namna hiyo. Kabera alianzisha kituo cha kuwafunza vijana sinema, na tamasha lake limepeleka filamu hadi vilimani, watu wakitazama nje usiku kwa lugha yao. Kwangu mimi hiyo ni kazi kubwa kuliko tuzo.

Wageni wetu, mkipiga picha leo, kijana mwenye daftari atakuwa kando yenu akiandika majina. Msimwone msumbufu. Nanyi wenye picha za zamani majumbani, zileteni Jumamosi kwenye kibanda cha kamati, pamoja na mzee mmoja anayewakumbuka waliomo. Kalamu tunazo.