Gharama ya Kweli ya Nyumba ya Mkopo

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama katika mkutano wa mwezi. Imechapishwa hapa kwa ombi la wale wasioweza kuhudhuria.)



Sikuitwa kwa kuwa mimi ni bingwa wa mambo ya benki. Mimi ni karani kama ninyi, na kazi yangu kwa zaidi ya miaka 20 imekuwa daftari na hesabu za watu wengine. Nimeitwa kwa sababu nakaa katika nyumba niliyoipata kwa mkopo, na Bwana Katibu aliposikia habari za mkopo huo aliniambia, "Hayo usiyafiche, wape wenzako." Basi nitawapa, ingawa mengine yanitia haya.

Kila mtumishi hutamani kuwa na nyumba yake kabla ya siku ya kustaafu. Zamani njia ilikuwa moja kwa walio wengi: kununua kiwanja, kisha kuweka tofali leo na bati mwaka kesho. Ilikuwako Benki ya Nyumba, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1972, lakini ilifungwa mwaka 1995, na baada yake mtu wa mshahara mdogo hakuwa na mahali pa kukopa fedha ya miaka mingi kwa ajili ya nyumba. Mwaka 2008 Bunge la Tanzania likapitisha sheria ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya kuyapa mabenki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Tangu hapo mlango umefunguka kidogo. Sikuja kuwaambia mlango huo ni mbaya. Nimekuja kuwaambia msome maandishi yaliyo juu yake kabla ya kuingia.

Mtu akienda kukopa huuliza swali moja tu: "Nitakatwa kiasi gani kwa mwezi?" Akiona kwamba mshahara watosha, hutia sahihi. Swali hilo ni la haki, lakini ni nusu ya swali. Nusu ya pili ni hii: "Mpaka siku ya mwisho nitakuwa nimelipa kiasi gani, na kila shilingi itakuwa imekwenda wapi?"

Natuchukue mfano. Mtu amekopa Sh. 50,000,000/- kwa riba ya 15 kwa mia kwa mwaka, alipe kwa miaka 20. Nimechagua riba hiyo kwa wepesi wa hesabu, nayo haiko mbali na riba tunazozijua. Malipo yake ya kila mwezi yatakuwa Sh. 658,395/-. Zidisheni mara 240, maana miaka 20 ni miezi 240. Mtapata Sh. 158,014,800/-. Mtu huyu amenunua nyumba moja na kulipa bei ya nyumba tatu na zaidi.

Huenda mmoja wenu akasema, "Riba ni 15 kwa mia, imekuwaje kuzidi mara mbili ya fedha yenyewe?" Jibu ni kwamba riba hutozwa kila mwezi juu ya deni lililobaki, na deni hilo hupungua polepole mno. Tazameni mwezi wa kwanza. Riba ya mwezi mmoja juu ya Sh. 50,000,000/- ni Sh. 625,000/-. Katika zile Sh. 658,395/- alizolipa, hiyo riba yaondoka kwanza, na kinachobaki kupunguza deni lenyewe ni Sh. 33,395/- tu. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, hivyo riba nayo imepungua kidogo, na fedha inayopunguza deni imekuwa Sh. 33,812/-. Imeongezeka kwa Sh. 417/-. Ndivyo inavyokwenda, mwezi kwa mwezi, kama mtu achotaye maji ya pipa kwa kijiko.

Baada ya miaka 5 mtu huyu amekwisha kulipa zaidi ya Sh. 39,500,000/-. Deni lake limebaki Sh. 47,042,000/- hivi. Baada ya miaka 10 amelipa Sh. 79,000,000/- na kitu, naye bado anadaiwa karibu Sh. 40,800,000/-. Siku ambayo deni lake litafika nusu si mwaka wa kumi, kama wengi wadhanivyo. Ni baada ya miaka 15 na miezi 8.

Sasa nitasema habari yangu. Siku niliyotia sahihi, mke wangu alitia pia, kwa kuwa Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 hairuhusu nyumba ya familia iwekwe rehani bila ridhaa ya mke au mume. Kabla ya kushika kalamu aliniuliza, "Baba, yote pamoja itakuwa kiasi gani?" Nami, karani wa hesabu, nikamjibu, "Hayo ni mambo ya benki. Sisi tuangalie mwezi kwa mwezi." Akanyamaza, akatia sahihi.

Katika mwaka wa tano mambo yakawa mazito. Watoto wawili walikuwa shuleni, na mama yangu mzazi alikuwa mgonjwa. Tukapatana kuuza nyumba, tulipe deni lililobaki, na kinachosalia kitusaidie. Niliamini kwamba robo ya deni imekwisha, kwa kuwa robo ya miaka imekwisha. Nilipopewa hesabu ya salio nilidhani karani wa benki amekosea. Nikairudisha nyumbani, nikakaa nayo usiku kucha kwa kalamu na karatasi. Hakukosea. Nilikuwa nimelipa miaka mitano, na deni lilikuwa karibu kama lilivyokuwa siku ya kwanza. Mke wangu hakunilaumu kwa neno lolote. Aliniambia tu, "Sasa niambie ile jumla niliyokuuliza." Nikamwambia. Jibu hilo lilikuwa limechelewa kwa miaka mitano.

Basi jambo la kwanza la kujifunza ni juu ya urefu wa muda. Wengi wetu hurefusha muda ili malipo ya mwezi yapungue, hasa kwa sababu ya ile kanuni ya kubakiza theluthi moja ya mshahara. Lakini tazameni mkopo ule ule, riba ile ile:

Miaka 10: kila mwezi Sh. 806,675/-, jumla Sh. 96,801,000/-
Miaka 15: kila mwezi Sh. 699,794/-, jumla Sh. 125,962,920/-
Miaka 20: kila mwezi Sh. 658,395/-, jumla Sh. 158,014,800/-
Miaka 25: kila mwezi Sh. 640,415/-, jumla Sh. 192,124,500/-

Atokaye miaka 20 akaenda 25 hupata nafuu ya Sh. 17,980/- kwa mwezi, na nafuu hiyo humgharimu zaidi ya Sh. 34,000,000/-. Naye atokaye miaka 20 akarudi 15 huongeza Sh. 41,399/- kwa mwezi, akaokoa zaidi ya Sh. 32,000,000/-. Kumbukeni pia kwamba wengi wetu hustaafu kwa lazima tukitimiza miaka 60. Deni lisilokwisha siku hiyo litakifuata kiinua mgongo.

Jambo la pili ni namna ya riba. Ziko riba mbili zenye jina moja. Moja hutozwa juu ya salio linalopungua, kama nilivyoeleza. Nyingine hutozwa juu ya fedha yote ya kwanza mpaka mwisho, hata kama umekwisha kulipa sehemu kubwa. Mtu akikuambia, "Yangu ni 10 kwa mia tu," muulize ni ya namna gani. Ikiwa ni hii ya pili, riba ya Sh. 50,000,000/- ni Sh. 5,000,000/- kila mwaka, na kwa miaka 20 ni Sh. 100,000,000/-. Utalipa Sh. 625,000/- kwa mwezi, sawa na riba ya 14 kwa mia na kidogo juu ya salio linalopungua. Kumi hiyo si kumi.

Jambo la tatu: ulizeni kama riba yaweza kubadilika. Mikataba mingine huiruhusu benki kuipandisha. Kama mkopo ule ule wa miaka 20 ungekuwa wa 17 kwa mia badala ya 15, malipo ya mwezi yangekuwa karibu Sh. 733,400/-, na jumla ingezidi kwa Sh. 18,000,000/-. Mambo mawili kwa mia huonekana madogo katika maneno, si katika daftari.

Jambo la nne ni gharama zisizotajwa katika mazungumzo ya kwanza. Kuna ada ya kuandikisha mkopo, malipo ya mthamini, malipo ya wakili, ushuru wa stempu, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Nyingine hulipwa mara moja, lakini bima huweza kulipwa kila mwaka mpaka mwisho. Ziandikeni zote katika karatasi moja na mzijumlishe kabla ya kusema, "Nimepata mkopo." Ongezeni na matengenezo, kwa kuwa paa likivuja benki haitapanda juu.

Sasa haki yataka niseme na upande wa pili. Mtu apangaye nyumba kwa Sh. 250,000/- kwa mwezi atakuwa amelipa Sh. 60,000,000/- katika miaka 20, hata kama kodi haitapanda, na mwisho wake hana hata tofali moja. Tena shilingi ya leo si shilingi ya miaka 20 ijayo: bei za vitu hupanda, na mishahara hupanda nyuma yake, hivyo malipo yaliyo mazito leo huenda yakawa mepesi baadaye. Nyumba na kiwanja navyo huweza kupanda thamani. Kwa hiyo aliyekopa si mjinga.

Lakini naye anayejenga kidogo kidogo asidharauliwe. Mtu awezaye kuweka Sh. 658,395/- kila mwezi atakuwa ametimiza Sh. 50,000,000/- katika miezi 76, yaani miaka 6 na miezi 4. Ni kweli kwamba katika muda huo atalipa kodi mahali pengine, na saruji itapanda bei. Hata hivyo yafaa kila mmoja aweke njia zote mbili katika mizani. Wengine watachagua njia ya katikati: kununua kiwanja na kujenga msingi kwa akiba, kisha kukopa fedha ndogo kwa muda mfupi ya kuezekea.

Mtaniuliza, sisi tulifanya nini? Hatukuuza. Tulikwenda benki tukauliza kama twaweza kulipa zaidi ya tunayodaiwa, na kama kuna tozo kwa kufanya hivyo. Tukaomba kwa maandishi kwamba kila nyongeza ipunguze deni lenyewe, isihesabiwe kuwa malipo ya mwezi ujao. Mke wangu akatoa fedha ya kuku wake, nami nikaacha mambo fulani ambayo sina haja ya kuyataja mbele ya mabibi. Nyongeza ilikuwa ndogo, lakini haba na haba hujaza kibaba, na shilingi inayopunguza deni mapema huizuia riba ya miaka yote inayofuata. Kila mwanzo wa mwaka twaomba hesabu ya salio, naye ndiye aisomaye kwanza.

Basi, ndugu zangu, nawaomba mambo manne. Kabla ya kutia sahihi, ombeni jedwali la malipo yote, mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, mlisome nyumbani na wake zenu au waume zenu. Ulizeni riba ni ya namna gani, na kama yabadilika. Chagueni muda mfupi kadiri mshahara uwezavyo kustahimili bila kuwanyima watoto chakula. Na baada ya kukopa, dai salio lako kila mwaka, ulilinganishe na hesabu yako mwenyewe.

Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Sisi ndio watunza daftari wa nchi hii; makosa ya senti katika vocha ya serikali hutukosesha usingizi. Itakuwa aibu kubwa ikiwa daftari tusilolifungua ni lile la nyumba zetu wenyewe.

Bwana Rais, nimekwisha. Mwenye mkataba wake na anione baada ya mkutano. Nimekuja na kalamu.