Mnara Usiopigiwa Hesabu

Wapendwa wasikilizaji, katika Injili ya Dominika hii Bwana wetu anatutajia mjenzi aliyeanza mnara bila kupima mfuko wake, akaishia kuwa kichekesho cha jirani zake. Tuutazame mfano huo katika jambo linalowavuta vijana wetu siku hizi kwa njia ya simu za mkononi, yaani biashara ya fahirisi za masoko ya hisa.

Fahirisi ni namba moja inayoonyesha mwenendo wa bei za hisa za kampuni nyingi kwa pamoja. Ile ya Marekani iitwayo Dow Jones ilianza mwaka 1896 na kampuni 12. Leo ina 30. Ile ya Japani iitwayo Nikkei hutazama kampuni 225.

Mtu aweza kununua hisa zenyewe, akangojea gawio kwa miaka mingi. Huo ni uwekezaji halali, ingawa nao una hatari zake. Lakini yuko mwingine asiyemiliki hisa hata moja. Yeye hubashiri tu kwamba namba itapanda au itashuka, tena kwa fedha ya kukopeshwa. Huweka dhamana ya shilingi 100,000, akaruhusiwa kushika biashara ya shilingi 2,000,000. Namba ikienda upande wake kwa asilimia 5, amepata 100,000 nyingine. Ikienda kinyume kwa asilimia 5 tu, dhamana yote imekwisha. Nasi tukumbuke kwamba tarehe 19 Oktoba 1987 Dow Jones ilishuka kwa zaidi ya asilimia 22 katika siku moja.

Nick Leeson alikuwa mtumishi wa benki ya Barings ya London, akifanya kazi Singapore. Alibashiri kwamba Nikkei haitashuka. Tarehe 17 Januari 1995 tetemeko la ardhi liliupiga mji wa Kobe, na Nikkei ikaporomoka. Badala ya kukiri hasara aliyokuwa akiificha, aliongeza dau ili airudishe. Hasara ikafika pauni milioni 827. Benki iliyoanzishwa mwaka 1762 ilianguka mwezi Februari, ikauzwa kwa pauni moja.

Ndugu wapendwa, benki ile haikuangushwa na tetemeko peke yake. Iliangushwa pia na moyo uliokataa kusema, "Imetosha." Moyo huo hata sisi tunao. Baba aliyepoteza ada ya mtoto hushawishika kuchukua fedha ya mbegu, kisha ya jirani, kisha ya jumuiya. Mwaka 2018 mamlaka ya masoko ya Umoja wa Ulaya ilieleza kwamba katika biashara ya kubashiri kwa mkopo, akaunti 74 hadi 89 kati ya kila 100 za watu wa kawaida hupata hasara.

Katekisimu ya Kanisa inatufundisha kwamba mchezo wa kubahatisha haukubaliki unapomnyima mtu riziki yake na ya wenzake. Basi, kabla ya kubonyeza simu, tujiulize: fedha hii ni ya nani? Ikipotea yote leo, ni nani atakayelala njaa? Mume na mke waulizane pamoja, bila kufichana. Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Mungu atujalie hekima ya kuhesabu, na unyenyekevu wa kuacha. Tumsifu Yesu Kristo!