Kutoka Unyanyembe hadi Chimwaga: Vyuo Vikuu vya Umma na Lugha ya Njia ya Misafara

Tarehe 25 Oktoba 1961, zikiwa zimesalia wiki sita na siku chache kabla ya Tanganyika kupata uhuru, chuo kikuu kishiriki kilifunguliwa Dar es Salaam. Hakikuwa na majengo yake. Kilipanga katika jengo la TANU, kwenye mtaa unaojulikana leo kwa jina la Lumumba, kikiwa na kitivo kimoja tu, cha Sheria, na wanafunzi 13. Shahada zenyewe zilikuwa za Chuo Kikuu cha London. Miaka 46 baadaye, mwaka 2007, Chuo Kikuu cha Dodoma nacho kilianza kazi kwa kutumia ukumbi wa Chimwaga, ambao awali ulikuwa ukumbi wa mikutano ya Chama cha Mapinduzi. Hivyo vyuo vikuu viwili vya umma, kimoja pwani na kingine Ugogo, vilizaliwa katika nyumba ya chama.

Jambo hili huelezwa kwa kawaida kuwa ni ushahidi wa uhaba wa majengo. Uhaba ulikuwapo, lakini maelezo hayo hayatoshi. Anayeanzisha chuo katika ofisi za chama ni mtu mwenye haraka, na haraka hiyo ina historia yake. Mhadhara huu unakusudia kuonyesha kwamba historia hiyo inapita Tabora, na kwamba Tabora ndipo panapoonekana vizuri zaidi deni ambalo vyuo hivyo havijalilipa, yaani deni la lugha.

Tabora, au Kaze kama ilivyoitwa na wasafiri wa karne ya 19, ilikuwa njiapanda ya bara. Burton na Speke walipofika hapo Novemba 1857 waliwakuta wafanyabiashara wa Kiarabu na wa pwani wamekwisha kujenga matembe yao Unyanyembe. Njia kuu ilitoka Bagamoyo, ikapita Mpwapwa na Ugogo, ikavuka nyika kavu iliyoitwa Mgunda Mkali, ikafika Tabora. Kutoka hapo moja ilielekea Ujiji na nyingine kaskazini kwenye falme za ziwa. Yapo mazoea ya kusema kwamba Kiswahili kililetwa bara na watu wa pwani. Kauli hiyo ni nusu ya ukweli. Wanyamwezi walishuka pwani na pembe zao kabla watu wa pwani hawajazoea kupanda bara, na baadaye maelfu yao walikuwa wapagazi. Mpagazi aliyebeba mzigo hadi Bagamoyo alirudi kwao na lugha pia. Kwa hiyo Kiswahili cha Tabora hakikuwa lugha ya mgeni peke yake. Kilikuwa pia lugha ya kazi ya mwenyeji.

Msamiati wa njia hiyo haujafa. Hongo ilikuwa ushuru ambao msafara ulitoa kwa mtawala wa nchi ili uruhusiwe kupita, na Ugogo ilisifika kwa ushuru huo kwa sababu wenye maji ndio wenye njia. Posho ilikuwa chakula cha siku alichopimiwa mpagazi. Leo hongo ni rushwa, na posho ni fedha ya kikao. (Wanataaluma wa vyuo vikuu, ambao hawapendi kulijadili neno la kwanza, hulijadili la pili kwa bidii kubwa.) Maneno haya yalihama kutoka njiani hadi ofisini bila kamati yoyote kuyasanifu, na hilo linaonyesha uwezo wa lugha ambayo watumiaji wake wana shughuli nayo.

Reli ya Kati ilifika Dodoma mwaka 1910 na Tabora mwaka 1912, ikafuata kwa kiasi kikubwa mwelekeo wa misafara. Katika miaka ya 1920 Waingereza waliifanya Tabora kuwa makao ya shule ya serikali iliyokusudiwa hasa watoto wa machifu. Julius Nyerere alisoma hapo kuanzia mwaka 1937 hadi 1942, akaenda Makerere, kisha akarudi mjini humo kufundisha katika shule ya Mtakatifu Maria hadi alipoondoka kwenda Edinburgh mwaka 1949. Abdallah Said Fundikira, wa ukoo wa watawala wa Unyanyembe, alipitia Tabora na Makerere pia, na nchi ilipopata uhuru alikuwa waziri aliyeshughulikia sheria. Si jambo dogo kwamba kitivo cha kwanza kilikuwa cha Sheria. Makerere ilikuwa na udaktari na Nairobi ilikuwa na uhandisi. Lakini taifa linalokaribia kujitawala lilihitaji mahakimu na mawakili wake, na halikuwa nao.

Hata hivyo, mchango mkubwa zaidi wa Tabora haukutoka darasani. Ulitoka katika mkutano mkuu wa TANU wa Januari 1958. Serikali ya kikoloni ilikuwa imeweka uchaguzi wa kura tatu: kila mpiga kura alilazimika kumchagua Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja. Wajumbe wengi walitaka kususia. Baada ya mabishano makali mkutano uliamua kushiriki, uamuzi ulioingia katika historia kwa jina la Uamuzi wa Busara. Wagombea walioungwa mkono na TANU walishinda, na mwaka 1960 chama kikaunda serikali. Mipango ya awali ilikiweka chuo kikuu cha Tanganyika katikati ya miaka ya 1960. Serikali mpya haikusubiri. Ndipo zikatolewa ofisi za chama.

Mjadala wa Tabora uliendeshwa kwa Kiswahili. Hoja za katiba, za uwakilishi, za hasara na faida ya kususia, zote zilipimwa kwa lugha hiyo na watu ambao wengi wao hawakuwa na lugha nyingine ya pamoja. Chuo kilichozaliwa na ushindi huo kilifunguliwa kwa Kiingereza.

Haingefaa kudai kwamba Kiswahili kiliachwa nje kabisa. Mwaka 1964, chuo kilipohamia Mlimani, ilianzishwa Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, mrithi wa kamati ya lugha iliyoundwa mwaka 1930. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ikatoka mwaka 1981. Mwaka 1970 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilipokuwa chuo kamili, Idara ya Kiswahili ilianza kufundisha somo lake kwa Kiswahili. Lakini idara moja ikawa kama kisiwa. Tume ya Makweta ilipendekeza mwaka 1982 kwamba Kiswahili kipande hadi sekondari na hatimaye vyuo vikuu, serikali haikukubali. Sera ya Elimu na Mafunzo ya mwaka 2014 iliufungua mlango, na mlango ukabaki wazi bila mtu kupita.

Ukuaji wa idadi haukubadili hali hiyo. Sokoine mwaka 1984, Chuo Kikuu Huria mwaka 1992, kisha Muhimbili, Ardhi na Dodoma mwaka 2007: kila kimoja kilizaliwa na lugha ileile ya kufundishia. Dodoma ndiyo yenye kufikirisha zaidi. Ilipangwa kwa wanafunzi 40,000, ikatangulia kwa miaka 11 tangazo la mwaka 2018 lililoifanya Dodoma kuwa jiji, nayo imesimama katika nchi ambayo misafara ililipa hongo. Mwanafunzi anayetoka Tabora kwenda huko hufuata njia ya wapagazi kwa kurudi nyuma, mbali na nyumbani, kwa sababu hakuna chuo kikuu cha umma kilichoweka makao makuu Tabora.

Mwaka 2021 Bunge lilibadilisha sheria, Kiswahili kikawa lugha ya sheria na ya mahakama, isipokuwa pale ambapo haki inahitaji vinginevyo. Mahakama za mwanzo zilikuwa zikikitumia kwa miongo mingi. Sasa zamu ni ya ngazi za juu. Wakili anayesimama mbele ya hakimu mjini Tabora anamtetea mkulima wa tumbaku aliyeshitakiwa kwa Kiswahili, kwa kutumia dhana alizofundishwa kwa Kiingereza, katika kitivo kilichoanza na wanafunzi 13 kwa sababu mkutano uliofanyika katika mji huohuo uliamua jambo kwa Kiswahili. Tafsiri anaifanya mwenyewe, papo hapo, akiwa amesimama.